Aliir wa Kakuma: Fahari tusiyoilipia

KILA mara kijana mwenye asili ya Sudan Kusini anapong'ara ughaibuni, huku kwetu Afrika Mashariki hatukawii kumdai. Mkenya atasema ni wake kwa sababu alizaliwa Kakuma. Wa Juba atasema ni wake kwa damu. Na sisi wengine tutasema ni mwenzetu, maana Sudan Kusini iliingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2016.

Leo nataka tumtazame mmoja wao, Aliir Aliir, mchezaji wa kulipwa wa kandanda ya Kiaustralia, ili niulize swali moja. Wasomaji wa ukurasa huu, hasa waliorejea kutoka makambini na wale wanaovuka mipaka na mizigo yao kila wiki, wanaujua uzito wake: sisi tulimpa nini hata tumdai?

Aliir alizaliwa Septemba 1994 katika kambi ya wakimbizi ya Kakuma, kaskazini magharibi mwa Kenya. Wazazi wake walikuwa wamekimbia vita vya pili vya Sudan, vile vilivyoanza mwaka 1983 na kumalizwa kwa mkataba wa amani wa mwaka 2005. Kambi yenyewe ilikuwa na miaka miwili tu tangu ifunguliwe mwaka 1992.

Waandishi wa Kizungu hupenda kueleza kwamba "kakuma" ni neno la Kiswahili lenye maana ya mahali pasipokuwa mahali. Mimi na wewe tunajua kwamba Kiswahili hakina neno hilo. Kakuma ni mahali tena pana watu: pamoja na makazi ya jirani ya Kalobeyei, wamezidi 250,000. Wafanyabiashara wa njia ya Lodwar, Lokichoggio na Nadapal wanaufahamu mji huo kwa mizigo wanayoshusha pale. Mwaka 2018, IFC, tawi la Benki ya Dunia linaloshughulikia sekta binafsi, lilikadiria kwamba soko la Kakuma lina thamani ya dola milioni 56 za Marekani kwa mwaka, na maduka zaidi ya 2,000. Kwa hiyo tusikubali hadithi ya jangwa tupu lililomtoa mchezaji kwa muujiza. Pale pana watu, mali na akili. Kilichokosekana ni ruhusa.

Mchezo wenyewe

Kwa msomaji asiyeujua, kandanda ya Kiaustralia si soka tunayoizoea, wala si raga. Huchezwa katika uwanja wa mviringo uliorefuka, wachezaji 18 kila upande, kwa mpira wenye umbo la yai. Kila mwisho wa uwanja una nguzo nne. Mpira ukipigwa kwa mguu ukapita kati ya nguzo mbili za ndani ni pointi sita. Ukipita pembeni yake ni pointi moja. Mchezaji anaweza kuushika, kukimbia nao na kuupiga kwa ngumi kumpa mwenzake. Anayeudaka mpira wa juu uliotoka kwenye mguu wa mwingine huachiwa nafasi ya kuupiga bila kubughudhiwa, na hapo urefu na wepesi wa kuruka huwa mtaji mkubwa.

Ligi kuu ya mchezo huo, AFL, ina klabu 18. Kijana hachagui klabu. Kila mwisho wa mwaka klabu hupokezana zamu ya kuteua vijana, zilizofanya vibaya zikitangulia.

Aliir alihamia Australia na familia yake akiwa mtoto. Alikulia Brisbane, kisha akaenda Perth, ambako alichezea East Fremantle. Mchezo huu hakuzaliwa nao, aliukuta huko. Katika uteuzi wa mwaka 2013 alichukuliwa na Sydney Swans akiwa wa 44. Hapo wengi wangedhani amefika, lakini alisubiri hadi mwaka 2016 ndipo acheze mechi yake ya kwanza ya ligi kuu. Mwaka huo huo Sydney ilifika fainali, naye aliumia goti katika mechi ya nusu fainali, akaikosa. Sydney walifungwa na Western Bulldogs.

Baada ya msimu wa 2020 alihamia Port Adelaide. Msimu wake wa kwanza huko, mwaka 2021, alitajwa katika kikosi bora cha ligi nzima, wachezaji 22 tu, akiwa beki. Kazi yake ni kusoma mpira uendako, kuacha mtu wake kwa wakati unaofaa na kwenda kuudaka kabla ya adui. Beki wa namna hiyo akikosea hesabu kwa sekunde moja, pointi sita zimekwenda. Si kazi ya misuli peke yake, ingawa watangazaji wengi wanapomwona mchezaji mweusi mrefu huanza na misuli.

Bidhaa yenye soko moja

Sasa nizungumze na wafanyabiashara kwa lugha yao. Ukiwa na shehena ya mahindi na bei ya Namanga haikupendezi, unaweza kujaribu soko jingine. Mwanasoka wa kawaida naye ana masoko mengi: akikataliwa Ubelgiji atakwenda Uturuki, na siku nchi yake ikimwita atavaa jezi ya taifa.

Mchezaji wa AFL hana hayo. Ufundi wake unanunuliwa katika nchi moja tu duniani. Hakuna ligi nyingine ya kumlipa mshahara wa namna ile, wala hakuna Kombe la Dunia ambako Sudan Kusini au Kenya ingemwita. Ndiyo sababu nasema Aliir ni mali ya Australia kwa namna ambayo hata wanamichezo wengine wa Kakuma siyo.

Mfano ni Awer Mabil, naye mzaliwa wa Kakuma, mwaka 1995. Huyu alicheza soka, mchezo ambao dunia nzima inaucheza. Juni 2022, Australia ilipomenyana na Peru kwa mikwaju ya penalti kutafuta nafasi ya Kombe la Dunia la Qatar, Mabil alipiga wake ukaingia, na Australia ikafuzu. Wapo Wakenya walioshangilia kwamba mtoto wa Kakuma amekwenda Kombe la Dunia. Lakini Harambee Stars wangempata vipi? Mtoto yule hakuwa raia wa Kenya.

Australia nayo si peponi

Nisieleweke vibaya. Sisemi kwamba huko kuna neema tupu. Majak Daw, mzaliwa wa Khartoum aliyepitia Cairo na kufika Australia mwaka 2003, ndiye mzaliwa wa Sudan wa kwanza kucheza AFL, mwaka 2013 akiwa na North Melbourne. Alitukanwa kwa rangi yake viwanjani. Desemba 2018 aliumia vibaya sana akiwa katika dhiki kubwa ya nafsi, jambo alilolieleza hadharani mwenyewe baadaye. Akapigana hadi akarudi kucheza mwaka 2020, na mwishoni mwa 2021 akastaafu.

Aliir mwenyewe alikuwa katika orodha ya wachezaji wa Sydney mwaka 2015, wakati nguli wa klabu hiyo, Adam Goodes, mzawa wa asili wa nchi ile, alipokuwa akizomewa uwanja baada ya uwanja hadi akaacha mchezo. AFL na klabu zake zilikuja kuomba radhi mwaka 2019, miaka minne imepita.

Siasa nazo hazikuwa mbali. Mwaka 2007 waziri wa uhamiaji wa Australia, Kevin Andrews, alipunguza nafasi za wakimbizi wa Afrika, akidai Wasudan wanashindwa kuzoea maisha ya huko. Januari 2018 waziri mwingine, Peter Dutton, alisema watu wa Melbourne wanaogopa kwenda mikahawani usiku kwa sababu ya magenge ya Waafrika. Kijana wa Kisudan Kusini anayeshangiliwa Jumamosi uwanjani hutazamwa kwa shaka Jumatatu dukani.

Na mwili una gharama yake. Julai 2023, katika mechi dhidi ya mahasimu wao Adelaide, Aliir aligongana kichwa na mwenzake wa timu moja, Lachie Jones. Alirudishwa uwanjani bila kupimwa ubongo kwa utaratibu unaotakiwa. Klabu yake ilikiri kosa na ligi ikaitoza faini ya dola 100,000 za Australia. Nalitaja hili kwa sababu lina pande mbili: mwajiri alikosea, lakini mfanyakazi alikuwa na sheria ya kumlinda na chombo cha kuisimamia.

Karatasi ndiyo tofauti

Hapa ndipo penye kiini cha makala haya. Australia ya matusi na ya kina Dutton ilifanya jambo moja ambalo sisi hatukulifanya. Wanaoingia kwa mpango wake wa wakimbizi hupewa ukaazi wa kudumu tangu siku wanayotua. Mtoto anakwenda shule kama wengine, baba anatafuta kazi bila kuomba kibali cha kutoka nje ya geti, na baada ya miaka michache familia inaweza kuomba uraia. Vipaji vilikuwamo tangu Kakuma. Huko vilipewa barua ya kutembelea.

Huku kwetu, Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, ibara ya 14, humfanya mtu kuwa raia wa kuzaliwa iwapo baba au mama yake ni raia. Alipozaliwa si hoja. Wakati Aliir anazaliwa pia, kuzaliwa Kenya peke yake hakukumpa mtu uraia. Mkimbizi anayetaka kutoka Kakuma kwenda Nairobi huhitaji kibali. Mwaka 2021 serikali ya Kenya ilitangaza kwamba ingefunga Dadaab na Kakuma ifikapo Juni 2022. Hazikufungwa, ila familia nyingi ziliishi mwaka mzima zikisubiri kufukuzwa.

Haki inataka niseme pia kwamba Kenya imesogea. Sheria yake ya wakimbizi ya mwaka 2021 imefungua mlango wa ajira, na Machi 2025 Rais William Ruto alizindua Mpango wa Shirika, unaolenga kugeuza makambi kuwa miji ya wakimbizi na wenyeji pamoja. Lakini mwaka huo huo mgao wa chakula Kakuma ulikatwa kwa uhaba wa fedha za wafadhili, watu wakaandamana. Mpango mzuri juu ya tumbo tupu una safari ndefu.

Na Jumuiya yetu je? Itifaki ya Soko la Pamoja, iliyoanza mwaka 2010, inazungumzia uhuru wa watu kwenda na kufanya kazi. Lakini inaposema juu ya wakimbizi inawaweka pembeni: mwendo wao utafuata mikataba ya kimataifa. Maana yake, mfanyabiashara wa Juba mwenye pasipoti anaweza kuingia kwa itifaki, lakini binamu yake aliyezaliwa Kakuma anabaki nje ya itifaki hiyo, ingawa ndiye anayejua Kiswahili kuliko yeye.

Na sisi Tanzania

Tusiwanyooshee kidole majirani peke yao. Kambi ya Nyarugusu ilifunguliwa mwaka 1996 kwa ajili ya Wakongo. Watoto wa mwanzo kuzaliwa humo leo ni watu wazima wenye watoto wao, na sheria yetu ya wakimbizi ya mwaka 1998 bado inawataka wakae katika maeneo yaliyotengwa.

Hata hivyo, sisi tunao mfano mzuri ambao hatuutangazi vya kutosha. Warundi waliokimbia mwaka 1972 na kuishi Katumba, Mishamo na Ulyankulu walifunguliwa mlango wa uraia, na ilipofika mwaka 2014 zaidi ya 162,000 kati yao na watoto wao wakaanza kupewa vyeti. Nchi haikuzama. Watu wale walikuwa wakilima na kuuza mazao kabla ya cheti, na wameendelea kulima na kuuza baada yake, safari hii wakiwa na mahali pa kushtaki wakidhulumiwa. Tuliwahi kufanya, kwa hiyo hatuwezi kusema haiwezekani.

Kwa ninyi mliorejea, au mnaofikiria kurejea, nina neno moja la kushika mkononi. Cheti cha kuzaliwa cha mtoto aliyezaliwa kambini si uraia, lakini ndicho kinachothibitisha kwamba mtoto huyo yupo, ana wazazi hawa na umri huu. Pamoja na vyeti vya shule, hiyo ndiyo mali ya kwanza kufungasha, kabla ya godoro na sufuria. Wengi wamefika kwao wakakuta ofisi ya wilaya haiwatambui na shule inamrudisha mtoto madarasa mawili nyuma kwa kukosa karatasi.

Kwa viongozi wa Jumuiya nasema hivi: kuandika wakimbizi ndani ya itifaki hakuhitaji fedha za wafadhili. Kunahitaji wino na nia. Sehemu ya kuanzia ipo wazi, nayo ni hawa waliozaliwa na kukulia katika ardhi ya nchi wanachama, wasiojua nchi nyingine.

Aliir ametumia urefu wake, akili yake na miaka ya ujana wake kuitumikia ligi ya mbali, na amelipwa kwa haki. Mimi namtakia heri. Lakini kabla hatujaandika tena kwamba ni "mtoto wetu", tuwahesabu wenzake waliobaki Kakuma na Nyarugusu, kisha tuwape cheti.