Rufaa na Siku Zake



Maneno haya twayasikia kila mara: "Rufaa yangu imetupwa wala sikusikilizwa." Yafaa tuyapime, maana shauri la shamba au la mikarafuu ni riziki ya watoto iliyotiwa mizanini.

Shauri la madai likikatwa na Mahakama Kuu ya Zanzibar, asiyeridhika huenda Mahakama ya Rufani ya Tanzania; mambo ya Kadhi hayafiki huko. Kanuni za Mahakama hiyo za mwaka 2009 zataka mambo matatu. Kwanza, taarifa ya kukata rufaa ipelekwe kortini katika siku 30 tangu hukumu, na mpinzani apewe nakala yake katika siku 14. Pili, rufaa yenyewe, pamoja na kumbukumbu za shauri, iingizwe katika siku 60 tangu taarifa ile. Tatu, siku za kungojea nakala za shauri hazihesabiwi, ila kwa sharti moja: uwe umeziomba kwa barua katika siku 30 tangu hukumu, na mpinzani umempelekea nakala ya barua hiyo.

Hapo pa tatu pana mtego. Mtu huomba kwa mdomo, au huandika barua asimpelekee mwenziwe, kisha hungojea nakala kwa moyo mkunjufu, kumbe siku zamhesabia. Rufaa ikifutwa, hoja zake hazikuguswa, na hukumu ya kwanza husimama. Aweza kuomba muda mpya, lakini hutakiwa aeleze kila siku aliyochelewa. Na kutojua sheria si udhuru.

Wako wasemao kuwa sheria ya mwaka 2018, inayotaka haki itazamwe kuliko ufundi, imeyamaliza hayo. Sivyo. Mwaka ule ule Mahakama ya Rufani, katika rufaa ya Halmashauri ya Kijiji cha Mondorosi, ilisema kuwa msingi huo hautumiwi kwa upofu kuyavunja masharti ya lazima ya sheria.

Sisi hatupingi kuwekwa siku. Aliyeshinda naye ana haki ya kujua shauri limekwisha, apate kupanda na kupalilia kwa amani. Lakini twaona si uadilifu mkulima apoteze shamba kwa sharti ambalo hakuna aliyemwambia. Twaomba, siku hukumu isomwapo, kila mwenye shauri apewe karatasi moja ya Kiswahili yenye mambo hayo matatu. Gharama yake ni ndogo, na faida yake kubwa.

Mpaka hapo, mwanachama aliyeshindwa asikae barazani kulalamika. Wiki ile ile aandike barua, nakala moja kwa mpinzani, nyingine aiweke yenye muhuri wa kupokelewa, na amwone wakili mapema. Mkulima wa karafuu hahitaji kufundishwa thamani ya siku: karafuu ikishachanua mtini, mnunuzi haulizi kwa nini ulichelewa kuichuma. Mali bila daftari hupotea bila habari.

Katibu