Farasi wa gemu atafutwe, asiitwe kwa mluzi tu

Gemu inaweza kumfundisha kijana wa Kitale adabu ya kumkaribia mnyama. Nasema hivyo nikiwa mtu ninayelipwa kutibu punda, ng'ombe na mbuzi kati ya Kiminini na Kamukuywa, na nikiwa pia mchezaji. Jioni, mabuti yakishaoshwa na stima ikiwepo, mimi na kijana wa kaka yangu huketi mbele ya televisheni na kucheza The Legend of Zelda: Breath of the Wild kwenye Nintendo Switch ambayo dada yake alimletea kutoka Doha. Tumebishana sana hapa Kenya kuhusu gemu na vijana: muda wanaopoteza, pesa wanazotumia, damu wanayoiona. Sijasikia mtu akiuliza gemu hizo zinawafundisha nini kuhusu wanyama. Mimi nauliza, kwa sababu naona majibu yake barabarani kila siku.

Breath of the Wild ilitolewa na kampuni ya Nintendo mwezi Machi 2017. Unaachiwa nchi nzima yenye milima, mito na majitu, uende utakako, na hakuna anayekupa farasi. Ukimtaka, umtafute. Unaliona kundi likila nyasi bondeni, unachuchumaa, unanyata. Ukikimbia, wote wanatawanyika. Ukifaulu kufika na kurukia mgongoni, kazi ndiyo kwanza inaanza, maana anaruka na kujitupa huku na huku, nawe unambembeleza kwa kitufe kimoja, tena na tena, mpaka atulie. Pumzi zako zikiisha kabla hasira zake hazijaisha, unaanguka. Wenye mabaka huwa wapole. Wenye rangi moja mara nyingi wana mbio au nguvu zaidi, lakini ni wakali. Na hata ukimshinda, bado hajawa wako: umwendeshe polepole hadi kwenye banda la farasi kando ya barabara, ulipe rupia 20 za mchezoni, umpe jina. Mwisho ni farasi 5, kwa hiyo unachagua kwa makini.

Kijana wetu, kama wenzake wote, alianza kwa kutaka mwenye mbio kuliko wote. Akampata mmoja wa rangi ya kahawia tupu, mkaidi hasa.

"Shangazi, huyu hataki kukunja kulia!"

"Akikunja, wewe unafanya nini?"

"Naendelea tu."

Nikamwambia amsubiri akubali, na papo hapo ampapase. Ndivyo gemu ilivyotengenezwa: farasi akipotea njia kisha akakutii, ukimtuliza wakati huo huo, mapenzi yenu yanaongezeka. Ukichelewa, hupati kitu. Tufaha na karoti pia husaidia. Baada ya jioni kadhaa farasi yule akawa anafuata barabara mwenyewe, bila kuvutwavutwa. Hakuna uchawi hapo. Punda mchanga anayezoeshwa mkokoteni hufunzwa vivyo hivyo: unamwomba, anakubali, unalegeza hatamu palepale ili ajue kwamba amefanya vyema. Anayelegeza baadaye amemfundisha kitu kingine kabisa. Wenye punda wengi niliokutana nao hawajawahi kuelezwa jambo hili na mtu yeyote, na mvulana wa darasa la nane amelijua akiwa kwenye kochi.

Kuna jambo moja ambalo gemu hiyo inalikosea, nami humkumbusha kila mara. Inamfundisha mchezaji kumwendea farasi kwa nyuma, kimyakimya. Asijaribu hilo Chwele sokoni. Farasi na punda wanaona karibu pande zote isipokuwa nyuma yao kabisa, na teke la kushtuka ndilo baya kuliko yote. Mnyama huyu huendewa ubavuni, kwenye bega, huku ukizungumza ili akusikie unakuja.

Lakini kanuni ninayoitetea zaidi ndiyo wachezaji wengi wanayoilalamikia. Katika Breath of the Wild ukipiga mluzi, farasi anakuja ikiwa tu yuko karibu vya kutosha kukusikia. Ukimwacha ng'ambo ya mlima, piga mluzi mpaka uchoke, haji. Jangwani Gerudo haingii hata umsihi vipi. Inabidi ukumbuke ulimwacha wapi, au utembee hadi kwenye banda lolote ukamchukue. Watu wanasema hiyo ni kero. Mimi nasema hiyo ndiyo inayomfanya awe mnyama, kwa sababu ana mahali alipo hata wakati wewe huna haja naye.

Tazama walivyofanya wengine. The Witcher 3 ya kampuni ya CD Projekt Red ya Poland, iliyotoka mwaka 2015, ni kazi kubwa, na sitaki kuidharau. Farasi wake anaitwa Roach. Piga mluzi popote na Roach anatokea nyuma yako kana kwamba alikuwa amejificha kichakani. Katika Elden Ring ya mwaka 2022, Torrent ni farasi wa kiroho. Anaitwa kwa kipenga cha ajabu, anaruka hewani mara mbili, na akifa vitani unatumia funda moja la dawa yako akarudi. Funda moja! Kijana anakufa moyo akiishiwa dawa, lakini farasi kufa ni hesabu ndogo tu. Nakiri kwamba The Witcher imeweka kitu kimoja cha kweli: Roach ana kipimo cha woga, na kikijaa anamtupa mpanda farasi chini, kwa hiyo unamvisha vifuniko vya macho apunguze hofu. Hicho kinatoka kwa mtu aliyewahi kukaa na farasi. Nakumbuka pia kwamba mwaka 2006 kampuni ya Bethesda iliwauzia wachezaji wa Oblivion deraya ya farasi kwa dola 2.50, na biashara ya kuuza vipandevipande vya gemu ikapata mfano wake maarufu. Walifikiria chuma cha kumpamba. Hakuna aliyefikiria kitambaa laini cha kuweka chini ya tandiko.

Hapo ndipo kazi yangu inapoingia. Mwezi wa Oktoba mpaka Desemba mahindi yanapovunwa Trans Nzoia, punda ndio wanaoyatoa shambani, kwenye njia ambazo lori haliwezi kupita kwa matope. Magunia ya kilo 90, mitungi ya maji, matofali, maziwa, yote yako mgongoni mwao au nyuma yao. Vijana wengi wanaoendesha mikokoteni hiyo si wenye punda. Wamekodi, na jioni mwenyewe anataka hesabu yake. Kwa hiyo punda anaendeshwa kama nduthi, kana kwamba akitiwa mafuta anawaka.

Nifungue vazi lake nikuonyeshe. Mkanda umekatwa kwenye tairi kuukuu na kushonwa kwa waya. Pale unapopita juu ya mabega, manyoya yamekwisha, ngozi imekuwa nyeupe, na katikati kuna kidonda cha upana wa kiganja kinachotoa maji. Punda halii. Hilo watu wengi hawalijui: punda mwenye maumivu husimama tu, masikio yamelala kando, mdomo wa chini umelegea, nao wanasema ni mvivu, wanamwongeza fimbo. Naosha kwa maji ya chumvi yaliyochemshwa na kupoa, napaka dawa, halafu namwonyesha kijana namna ya kushona gunia safi lililojazwa matambara laini likae kati ya mkanda na ngozi. Kazi ya nusu saa, gharama karibu na bure. Kisha namwambia lile analochukia kulisikia, kwamba asimfunge mkokoteni mpaka kidonda kipone.

Kwa nini nazungumzia punda, si farasi halisi? Kwa sababu farasi hapa petu hayuko. Walowezi waliofika nyanda hizi baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia walikuja na farasi, na reli ilipofika Kitale mwaka 1926 bado farasi walikuwa sehemu ya maisha ya mashamba yao. Lakini farasi huuawa na ugonjwa wa virusi unaoenezwa na visubi, ugonjwa ambao punda na punda milia huubeba bila kuugua sana. Chanjo ipo, lakini farasi bado ni mnyama wa wenye uwezo. Anayetaka kumwona akikimbia aende Ngong, Nairobi. Mtoto wa Bungoma au Kitale anamjua farasi kwa skrini, na punda kwa macho, na hakuna aliyemwambia kwamba hao wawili ni ndugu.

Na punda wenyewe wanapungua. Sensa ya mwaka 2009 ilihesabu punda wapatao milioni 1.8 nchini Kenya, na ya mwaka 2019 ikakuta takriban milioni 1.2. Katikati ya miaka hiyo kulifunguliwa machinjio manne, ngozi zikisafirishwa China kutengeneza dawa iitwayo ejiao, na wizi wa punda ukawa jambo la kila usiku katika vijiji vingi. Waziri Peter Munya alipiga marufuku uchinjaji huo Februari 2020, Mahakama Kuu ikaiondoa marufuku hiyo Mei 2021, na Februari 2024 viongozi wa Umoja wa Afrika wakakubaliana kusitisha uchinjaji wa punda kwa ajili ya ngozi barani kote. Nimewaona akina mama walioachwa na mkokoteni mtupu uani. Kwao hakuna kipenga wala funda la dawa la kumrudisha.

Gemu iliyowahi kumpa punda heshima yake ninayoijua vizuri ni Minecraft. Tangu mwaka 2013 ina farasi, punda na baghala. Unamzoesha kwa kumpanda, anakuangusha, unapanda tena mpaka mioyo itokee juu ya kichwa chake. Farasi ana mbio, lakini punda anabeba sanduku la mizigo, na kwa hiyo mchezaji anayesafiri mbali humchagua punda. Wameelewa. Na baghala, mtoto wa punda na farasi, hazai, kama ilivyo kweli.

Sasa nije kwa watengenezaji wetu, ambao ndio hasa ninaowaandikia. Tusiseme haiwezekani. Mwaka 2015 Nairobi X ilitengenezwa hapa Kenya. Mwaka uliofuata Kiro'o Games ya Kameruni ikatoa Aurion, hadithi ya kubuni yenye ufalme wa Kiafrika. Aprili 2024 Abubakar Salim, Mwingereza mwenye asili ya Kenya, alitoa Tales of Kenzera: Zau, na unaweza kuicheza yote ukisikia Kiswahili. Nimeisikiliza na moyo ukanijaa. Haina ulimwengu wazi, wala sikuitarajia iwe nao. Gemu za ulimwengu wazi zinahitaji pesa nyingi na watu wengi. Siku moja tutakuwa nao.

Siku hiyo ikifika, ulimwengu wenyewe uko hapa. Mlima Elgon una pango la Kitum, ambamo ndovu huingia gizani usiku na kuchimba chumvi kwa pembe zao. Mtunzi gani wa Ulaya angethubutu kubuni hilo? Wabukusu wanasimulia habari za Mango, aliyemvizia na kumuua nyoka mkubwa Yabebe, na kwa ushujaa huo akatahiriwa. Mpeni mchezaji barabara ya kutoka mbuga za Bungoma hadi mlimani, mpeni mzigo wa chumvi, na mpeni punda. Asipewe bure. Amtafute, ambembeleze, amjue ukaidi wake, ambao mara nyingi ni busara, maana punda hakanyagi asipopaamini. Punda achoke akibebeshwa kupita kiasi. Apate kidonda begani mkanda ukiwa mbaya, na kidonda hicho kionekane, kimpunguzie mwendo, mpaka mchezaji ashone pedi ya gunia mwenyewe. Akipotea, atafutwe kwa miguu.

Nitaambiwa kwamba watu hucheza ili kupumzika, si kuongezewa kazi. Red Dead Redemption 2 ilipotoka mwaka 2018 ikimtaka mchezaji amlishe farasi wake na kumsugua matope, wapo waliochoka nayo. Lakini ongea na walioicheza mpaka mwisho, uwaulize wanakumbuka nini. Wengi watakutajia jina la farasi.

Kwa wenye vibanda vya gemu karibu na stendi ya Kitale na pale Kanduyi: najua mpira ndio unaoleta pesa, kwa kuwa mechi ni fupi na anayefuata yuko mlangoni. Tengeni kiti kimoja tu cha kulipia kwa saa, muweke gemu ndefu yenye mnyama ndani yake. Na ninyi mnaochora gemu Nairobi na Eldoret, kabla ya kumchora punda wenu wa kwanza, njooni Chwele siku ya soko. Nitawaonyesha pa kusimama, bega la kushika, na maneno ya kumwambia.