Maridhiano Hayaanzi kwa Kusahau: Tafakari baada ya Oktoba 29

Tangu Oktoba 29, 2025, katika jumuiya nyingi ndogondogo za mwambao wetu wa ziwa limeingia jambo geni. Wakati wa nia za sala, mwamini huomba kwa ajili ya “kijana wetu”, asimtaje jina, na wenzake huitikia bila kuuliza ni kijana gani. Hapa Nyegezi, penye wanafunzi, wavuvi na abiria wa kila upande wa nchi, watu wamezoea kusema kwa sauti. Sauti ikishuka namna hiyo, kuna jambo zito lililokaa kifuani.

Yaliyotokea yanajulikana kwa ujumla wake. Siku ya Uchaguzi Mkuu maandamano yalizuka Dar es Salaam, Mwanza, Arusha, Mbeya na miji mingine. Mali zilichomwa, risasi zikapigwa, watu wakafa. Intaneti ilizimwa kwa siku kadhaa, na Dar es Salaam ikawekewa amri ya kutotoka nje usiku. Novemba 3 Rais aliapishwa Dodoma, baada ya kutangazwa mshindi kwa karibu asilimia 98 ya kura. Hesabu ya waliouawa inabishaniwa hata leo, na sisi hatutaingia katika ubishi wa tarakimu. Maaskofu wetu walilaani mauaji hayo waziwazi mwezi uleule wa Novemba, na kwa mwamini Mkatoliki uzito wa jambo unaanza pale alipouawa mtu mmoja.

Tunasikia maelezo mawili yanayoenezwa kwa haraka. La kwanza linasema vijana walitumwa na mataifa ya nje; la pili, kwamba ni wahuni tu. Hatukatai kwamba penye ghasia wahuni hujipenyeza, na uchomaji wa mali za watu ni dhambi hata pale mchomaji anapokuwa na hasira ya haki. Lakini maelezo yote mawili yana kasoro moja: yanamwondolea msemaji wajibu wa kuuliza kilichotangulia. Kilichotangulia ni kwamba chama kikuu cha upinzani, Chadema, kilizuiwa kushiriki uchaguzi tangu Aprili 2025 baada ya kukataa kusaini kanuni za maadili, na mwenyekiti wake, Tundu Lissu, akawekwa mahabusu kwa shtaka la uhaini mwezi huohuo. Mgombea wa ACT-Wazalendo, Luhaga Mpina, aliondolewa katika kinyang’anyiro. Aidha, Ibara ya 41(7) ya Katiba yetu inazuia mahakama yoyote kuchunguza uchaguzi wa Rais baada ya Tume kutangaza matokeo. Mtu anayeona mlango wa sanduku la kura umefungwa, na wa mahakama umefungwa, hubaki na barabara. Kusema hivyo si kumsifu aliyeingia barabarani. Ni kueleza namna alivyofika pale.

Wataalamu wanapozungumzia jamii zilizogawanyika sana, mara nyingi huwa na nchi kama Burundi mawazoni, ambako mtu huzaliwa upande fulani na kufa upande huohuo. Sisi tulijihesabu kuwa wapatanishi wa wengine. Mwaka 1996 Mwalimu Nyerere aliwakutanisha wanasiasa wa Burundi, wa FRODEBU na wa UPRONA, papa hapa Mwanza. Mazungumzo yale hayakuzaa matunda upesi. Julai 1996 jeshi lilipindua serikali Bujumbura, na Septemba Askofu Mkuu Joachim Ruhuna wa Gitega akauawa. Mwalimu hakukata tamaa. Mazungumzo yalianza tena Arusha mwaka 1998, naye akafariki Oktoba 1999 kabla ya kuona mwisho wake. Mkataba ulitiwa saini Agosti 28, 2000 chini ya usuluhishi wa Nelson Mandela, ukagawa nafasi za serikali na jeshi kwa vipimo vilivyoandikwa, ili asiwepo tena anayeshinda vyote wala anayepoteza vyote. Somo la Mwanza na Arusha ni kwamba watu hawakuombwa kupendana kwanza ndipo wapatane. Waliandikiwa taratibu zilizowawezesha kuishi pamoja hata kabla mapenzi hayajarudi.

Hata hivyo, mfano unaotugusa zaidi hauko Burundi. Uko Zanzibar, na inashangaza jinsi sisi wa Bara tunavyoukumbuka kidogo.

Katika uchaguzi wa kwanza wa vyama vingi, mwaka 1995, Salmin Amour wa CCM alitangazwa mshindi kwa asilimia 50.2 dhidi ya 49.8 za Seif Sharif Hamad wa CUF. Nchi iliyogawanyika nusu kwa nusu ikapewa serikali ya upande mmoja peke yake. Muafaka wa kwanza ulisainiwa Juni 1999 kwa usuluhishi wa Jumuiya ya Madola, ukabaki karatasi. Baada ya uchaguzi wa mwaka 2000, Januari 26 na 27, 2001, waandamanaji walipigwa risasi. Zaidi ya 30 walikufa, wengi Pemba, na watu wapatao elfu mbili walikimbilia Shimoni, Kenya. Tanzania ikazalisha wakimbizi kwa mara ya kwanza. Oktoba 2001 ukaja Muafaka wa pili.

Kilichobadilisha hali kweli kilikuja baadaye, na kilianza kimyakimya. Novemba 2009 Rais Amani Abeid Karume na Maalim Seif walikutana Ikulu ya Zanzibar, bila msuluhishi wa kigeni katikati yao. Walichokubaliana hakikubaki kwao. Wananchi waliulizwa katika kura ya maoni ya Julai 31, 2010, na asilimia 66.4 wakakubali serikali ya umoja wa kitaifa, ikaingizwa katika Katiba ya Zanzibar. Miezi mitatu baadaye Ali Mohamed Shein alishinda kwa asilimia 50.1 dhidi ya 49.1, tofauti ndogo kama zile zilizowahi kuleta maafa, na safari hii watu walirudi nyumbani salama. Tunasisitiza jambo hili kwa sababu wapo wanaosema mazungumzo ni udhaifu.

Na bado jengo lile lilianguka. Oktoba 28, 2015 mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi ya Zanzibar, Jecha Salim Jecha, alitangaza kufuta uchaguzi wote. CUF ilisusia marudio ya Machi 2016, na umoja wa kitaifa ukavunjika. Kwa maoni yetu, chanzo ni kwamba maridhiano ya 2010 yaligawa vyeo lakini hayakumgusa mwamuzi wa mchezo, wala hayakurudi nyuma kuuliza kwa ukamilifu ni nani aliyeamuru risasi za Januari 2001. Wakubwa walipeana mikono, na wajane wa Micheweni na Wete wakatakiwa washangilie. Umoja uliporejeshwa Desemba 2020, Maalim Seif akiwa Makamu wa Kwanza wa Rais kwa miezi michache kabla ya kifo chake, ulirejeshwa tena juu ya malalamiko mapya ya vifo.

Kenya ilijifunza nusu ya somo hilo kwa gharama kubwa. Baada ya watu zaidi ya 1,100 kufa katika ghasia za 2007 na 2008, mashauri ya Mahakama ya Kimataifa ya Jinai yaliporomoka. Lakini Katiba ya 2010 ilifungua mlango wa mahakama, na Septemba 1, 2017 Mahakama ya Juu ilifuta uchaguzi wa Rais. Mbishi akapata mahali pa kupeleka ubishi wake.

Je, kuwajibika kunaibomoa serikali? Mwanza inalo jibu lake, ingawa vijana wengi hawajawahi kulisikia. Mwaka 1976, katika msako wa wauaji waliohusishwa na imani za uchawi katika mikoa ya Mwanza na Shinyanga, mamia ya watu walikamatwa, wakateswa, na baadhi yao wakafia mikononi mwa vyombo vya dola. Habari zilipofika juu, serikali haikusema kwamba marehemu walikuwa wakorofi. Mapema mwaka 1977 Ali Hassan Mwinyi, aliyekuwa Waziri wa Mambo ya Ndani, alijiuzulu, ingawa hakuna aliyedai kwamba yeye mwenyewe alimgusa mtu. Maofisa walifikishwa mahakamani. Dola haikuanguka. Mwinyi mwenyewe, miaka minane baadaye, akawa Rais wa Jamhuri ya Muungano, na kujiuzulu kule kulitajwa daima kuwa heshima yake. Hayo yalifanyika wakati wa chama kimoja, bila intaneti na bila shinikizo la waangalizi.

Kwa hiyo tunapoitazama Tume ya uchunguzi iliyotangazwa Novemba 18, 2025 chini ya Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman, swali letu si kuhusu elimu ya wajumbe wake. Mkatoliki anajua Sakramenti ya Kitubio ina hatua zake: kutafuta dhambi, kujuta, kuungama, kisha malipizi. Anayeruka hatua ya kuungama hawezi kudai ameondolewa. Zakayo hakumwambia Bwana kwamba yaliyopita yamepita. Alitaja kiasi atakachorudisha. Papa Fransisko, katika waraka wake Fratelli Tutti wa mwaka 2020, anafundisha kwamba kusamehe hakumlazimu aliyeonewa kuiacha haki yake. Mama aliyepoteza mwana anaweza kusamehe leo na kesho akadai mahakamani, na katika yote mawili akawa ndani ya Injili.

Tuongeze neno juu ya dini, kwani tumeyasikia mazungumzo yanayotaka kuligeuza suala hili kuwa la Wakristo na Waislamu. Hiyo ni njia ya kuigawa jamii ambayo bado haijagawanyika. Risasi za Oktoba hazikuuliza ubatizo wa mtu. Nasi hatuna haki ya kujidai. Mwaka 1994 maiti kutoka Rwanda zilishuka na mto Kagera hadi ziwani kwetu, na watu wazima wa mwambao wanakumbuka jinsi samaki walivyokosa walaji. Wengi wa waliouawa walikuwa Wakatoliki, waliuawa na Wakatoliki, baadhi yao ndani ya makanisa. Machi 2017 Baba Mtakatifu aliomba msamaha kwa ajili ya dhambi za Kanisa katika mauaji yale. Ubatizo pekee haukuwa kinga pale katekesi iliponyamaza kuhusu chuki.

Kuna jambo moja lililo ndani ya uwezo wetu bila kumsubiri mtu. Kila parokia huandika daftari la wafu. Zipo familia ambazo hazikupata mwili wa kuzika, zikafanya matanga bila jeneza, na wengine wanaogopa hata kuomba Misa kwa jina la marehemu wao. Tunapendekeza kwa unyenyekevu kwamba viongozi wa jumuiya wazitembelee familia hizo wawili wawili, bila kamera na bila kadi ya chama, wasikilize, na pale familia inaporidhia, jina liandikwe kwa padre wa parokia na lisomwe kwenye Misa. Askari aliyekufa siku zile naye ana mama, na jina lake lina nafasi katika daftari hilohilo. Mama mwenye hofu aulizwe kwanza. Asipokuwa tayari, arudiwe mwezi ujao, na kijana wake aendelee kuombewa bila jina.