Madeni ya Marehemu Katika Kompyuta ya Zamani



Barua ya wiki hii imetoka Mandewa, katika Manispaa ya Singida. Mwandishi wake ni mama aliyefiwa na mumewe, mnunuzi wa alizeti, na eda yake imekwisha. Marehemu alikuwa akiwakopesha wakulima fedha za palizi, na watu nao walikuwa wakiweka amana zao kwake. Hesabu zote aliziandika katika kompyuta aliyoinunua miaka ya 1990, wala hakuiacha hadi mwisho wa uhai wake. Ikiwashwa, huonyesha kioo cheusi, herufi C, alama chache, na kistari kinachowaka na kuzima. Fundi mmoja ameshauri ifutwe na kuwekewa programu mpya. Kijana mkubwa anataka iuzwe kama chuma chakavu. Mama anauliza: tufanyeje?

Jibu ni kwamba isifutwe wala isiuzwe. Suratun Nisaa, aya ya 11 na ya 12, imeweka mafungu ya warithi baada ya wasia na deni. Basi kabla ya kugawana chochote, familia hii inawajibika kujua nani anamdai marehemu na nani anadaiwa naye. Habari hiyo imo ndani ya kompyuta ile, na kuisoma hakuhitaji mhandisi. Kijana mtulivu, anayejua kusoma herufi moja moja, ataweza kujifunza kwa jioni moja.

Kioo hicho cheusi ni mfumo uitwao MS-DOS. Asili yake ni programu iliyoandikwa mwaka 1980 na Mmarekani Tim Paterson. Kampuni ya Microsoft iliinunua, na IBM ikaitumia katika kompyuta yake ndogo iliyotoka Agosti 1981. Wakati huo Tanzania ilikuwa imepiga marufuku uingizaji wa kompyuta tangu mwaka 1974, ingawa ya kwanza ilikwisha kuwekwa Wizara ya Fedha mwaka 1965. Zuio lililegea polepole hadi mwanzoni mwa miaka ya 1990. Ndiyo maana wengi wetu tulijifunza DOS kwa kuchelewa, na mara Windows 95 ikaja na picha zake. Vijana wetu wamezaliwa baada ya hapo, na hawakupata kuona kompyuta inayosubiri kuandikiwa.

Kusubiri huko ndiko siri yake. Kistari kinachowaka na kuzima ni kama karani aliyeshika kalamu: hafanyi neno mpaka aamriwe, na akiamriwa hutenda lile lililoandikwa, si lile lililokusudiwa. Ukikosea herufi moja atakujibu kwamba amri hiyo haijui, na hakuna kilichoharibika. Hatari iko katika amri isiyo na kosa la herufi lakini iliyotolewa bila kufikiri. Kwa hiyo kanuni ya kwanza ni kuisoma amri yote kabla ya kubonyeza kitufe cha Enter.

Amri za kuanzia ni nne. Andika DIR, kisha Enter, nawe utaona orodha ya yaliyomo. Orodha ikipita kwa kasi, andika DIR /P, nayo itasimama kila kioo kinapojaa. Penye alama ya DIR mbele ya jina, hiyo ni saraka, yaani kabati lenye mafaili ndani yake. Kuliingia, andika CD, nafasi, kisha jina lake; kutoka, andika CD na nukta mbili zilizofuatana. Majina yatakuwa mafupi, kwa kuwa DOS huruhusu herufi nane, nukta, na tatu nyingine tu. Faili la madeni ya mwaka 1993 huenda likaitwa MADENI93.TXT. Tafuteni maana ya vifupisho hivyo kwa utaratibu wa marehemu mwenyewe, maana mama alimjua kuliko fundi yeyote.

Mbele ya kila jina kuna tarehe ambayo faili liliandikwa mara ya mwisho. Hapa pana mtego. Kwa kawaida DOS huanza na mwezi, kwa desturi ya Kimarekani. Hivyo 03-07-94 ni tarehe 7 Machi, wala si tarehe 3 Julai. Katika mambo ya deni, miezi minne inaweza kuzusha ugomvi kati ya mrithi na jirani.

Kusoma faili, andika TYPE, nafasi, na jina lote. Tumieni amri hii, msilifungue faili katika programu ya kuandikia, kwa sababu mkilihifadhi upya tarehe yake itabadilika. Zikitokea alama zisizosomeka, msihofu: faili hilo liliandikwa kwa programu maalumu kama Lotus au WordPerfect. Programu ya LibreOffice, ambayo haina malipo, huweza kufungua mengi ya mafaili hayo katika kompyuta ya leo.

Amri ya nne ni COPY, ya kunakili kwenda katika diski laini, ambayo jina lake ni A. Andika COPY, kisha jina la faili, kisha A na nukta mbili. Chanzo hutangulia, mwisho wa safari hufuata. Katika matoleo ya zamani, ukigeuza mpangilio huo, nakala ya zamani yaweza kufunika faili jipya bila kuulizwa. Nakala hubaki na tarehe ya asili, na vifaa vya kusomea diski hizo kupitia tundu la USB vipo hata sasa.

Amri mbili zisiguswe kabisa: DEL na FORMAT. Hata hivyo, kama mtu alikwisha kufuta faili kwa DEL, msikate tamaa. DOS haifuti maandishi yenyewe. Huondoa herufi ya kwanza ya jina na kuhesabu mahali pale kuwa pamekuwa wazi. Maandishi hukaa hadi yaandikwe mengine juu yake. Acheni kuandika chochote, kisha andikeni VER. Likiwa ni toleo la 5 au la 6, amri ya UNDELETE itawauliza herufi iliyopotea na kujaribu kulirudisha faili.

Yakipatikana maandishi hayo, yachapisheni katika karatasi mbele ya warithi wote, wanawake na wanaume. Hayatoshi kuwa hukumu, kwa kuwa faili huweza kubadilishwa na mkono wowote. Yachukuliwe kama mwanzo wa kuuliza: waiteni wanaodaiwa na wanaodai, wasikilizwe kwa heshima, na penye utata apelekewe sheikh au Kadhi. Na kama orodha itaonyesha kwamba marehemu alidaiwa zaidi kuliko alivyodai, isifichwe.

Kwa sisi wengine, tuliozoea kugusa picha kwa kidole, ni wachache wanaojua hesabu zao zimekaa wapi ndani ya simu, achilia mbali neno la siri. Aya ndefu kuliko zote katika Qur'ani, ya 282 ya Suratul Baqara, inahusu kuandika deni na kuweka mashahidi. Mfanyabiashara wa Mandewa aliandika, Mwenyezi Mungu amrehemu, ila hakumfundisha mtu kusoma alichokiandika. Basi jioni ya leo, keti na mwenzio au mwanao mkubwa, umwonyeshe hesabu zako ziko wapi na zinafunguliwaje.