Ukurasa wa Nyumbani: Jina la Kubuni kwa Mtoto wa Kiume

Katika kambi za askari na polisi nchini Uganda, ambako nyumba hupakana ukuta kwa ukuta na watu hutoka pembe zote za nchi, habari ya mtoto aliyezaliwa alfajiri haichukui hata saa moja kufika nyumba ya mwisho. Wanawake huuliza kwanza kama mama hajambo, kisha kama ni mvulana au msichana. Swali la tatu ndilo lizualo mjadala: aitwa nani?

Hapo zamani swali hilo halikumsumbua baba. Mwacholi aliyepata mwana wakati wa mvua alimwita Okot, na aliyempata ugenini, mbali na kwao, alimwita Otim. Mapacha walikuwa Opio na Ochen, na mvulana aliyewafuata alikuwa Okello. Kwa Waganda mapacha wa kiume ni Wasswa na Kato, na anayewafuata ni Kizza. Wengine hupewa majina ya ukoo. Kwa kuwa koo za Buganda zinazidi 50 na kila ukoo una majina yake, mzee alisikiapo jina la kijana huweza kutambua papo hapo ni wa ukoo gani, mwiko wake ni nini, na ni binti yupi haimpasi kumposa. Wanyoro na Watoro huongeza juu ya hayo jina la heshima liitwalo empaako, kama Amooti, Akiiki au Adyeri, ambalo watu huamkiana kwalo. Mwaka 2013 UNESCO iliiweka desturi hiyo ya empaako katika orodha ya mila zinazohitaji kuokolewa kwa haraka.

Vijana wengi wa leo hawatosheki na hazina hiyo. Wako wanaokata jina la baba katikati na la mama katikati, wakaunga vipande. Wako wanaoandika neno la Kiingereza nyuma mbele. Wengine hulichukua jina la kawaida wakalitia x au z, herufi ambazo kwa sababu isiyojulikana huhesabiwa kuwa za kisasa kuliko nyingine. Wazee hucheka, na mara nyingine hukasirika. Hata hivyo si haki kuwacheka vijana hao kabla ya kuzisikia sababu zao.

Chukulia koplo mmoja, mzaliwa wa Gulu, aliyemwoa binti wa Masaka, na ambaye anakaa katika kambi karibu na Kampala. Mtoto wao wa kwanza, mvulana, amezaliwa majuma matatu kabla ya kikosi cha baba yake kuondoka kwenda Somalia, nchi ambayo Uganda ilianza kupeleka majeshi yake mwezi Machi 2007. Baba anataka jina ambalo hakuna mtu aliyewahi kuitwa. Amekaa siku tatu na kalamu, na ameandika nyuma ya karatasi ya ratiba ya zamu: ZAYREX.

Sababu yake si ujinga wala majivuno. Koplo huyu alizaliwa wakati wa vita vya kaskazini, na rika lake lina majina ya wakati ule. Miongoni mwa Waacholi yupo Komakech, maana yake ni bahati mbaya yangu. Yupo Olweny, ambaye ni vita. Yupo Ochan, ambaye ni shida na umaskini. Yeye mwenyewe alipewa jina la namna hiyo, na tangu alipojiunga na jeshi, kila mkubwa ajuaye Kiacholi anapoliita jina lake katika gwaride humwita kwa msiba wa mama yake. Alikwisha apa kwamba mwanawe hataanza maisha na mzigo ambao hakuufunga. Na kwa kuwa majina yote ayajuayo yana mtu ndani yake, aliye hai au aliyekufa, aliona heri atafute lile ambalo bado ni tupu.

Hoja hiyo ina uzito, na mkewe aliikubali. Shida ilianza siku ya nne, alipofika bibi wa mtoto kutoka Masaka.

Mama huyo, kwa desturi ya Waganda, hakai chumba kimoja na mkwewe wala hawatazamani uso kwa uso. Analala kwa jirani, na mkwe akiwapo hunena kutoka nyuma ya pazia. Binti yake akamtajia jina la mjukuu. Kukawa kimya kidogo, halafu sauti ikatoka: "Zayirekisi?" Kiganda hakina x, wala neno lake haliishii kwa konsonanti, kwa hiyo kila kilichokosekana mama alikijaza mwenyewe kwa irabu. Jioni yake koplo akampigia simu mama yake kule Gulu. Kiacholi cha asili hakina s wala z, hakina f wala v. Sukari yenyewe wazee huiita chukari. Mama alilirudia jina mara tatu, na mara ya mwisho lilikuwa limekuwa "Jairek".

"Mwanangu," akasema, "mtoto amezaliwa ugenini. Huyo si Otim?"

Ikawa mtoto wa siku nne ana majina matatu yaliyotoka katika jina moja, na baba yake akicheka huku amekasirika.

Kubuni majina, kwa kweli, hakukuanza jana, wala si jambo la Uganda peke yake. Baada ya mapinduzi ya mwaka 1917 wazazi wengi katika Urusi waliacha majina ya watakatifu wakatunga mapya. Mvulana aliitwa Vladlen, kutokana na Vladimir Lenin. Msichana aliitwa Ninel, ambalo ni Lenin lililosomwa kinyume, hata wale wanaogeuza maneno leo wasidhani wamevumbua kitu. Palikuwa na wavulana walioitwa Mels, kwa herufi za kwanza za Marx, Engels, Lenin na Stalin. Mwaka 1956 Khrushchev alipoyalaani matendo ya Stalin, baadhi ya akina Mels waliikata herufi ya mwisho wakabaki Mel. Baba aliyetunga jina hilo alidhani anampa mwanawe wakati ujao.

Jirani wa karibu zaidi ni Zaire, kama ilivyoitwa Kongo kuanzia mwaka 1971 hadi 1997. Mwaka 1972 Mobutu aliliacha jina lake la Joseph-Désiré, na raia wote wakaamriwa kuacha majina ya Kizungu. Padri aliyembatiza mtoto kwa jina la namna hiyo alitishwa kwa kifungo. Miaka ya 1990 ilipofika na amri hiyo kulegea, wengi waliyarudia majina yao ya ubatizo, na wengine wakabaki na yote mawili, moja la nyumbani na moja la kanisani.

Marekani hakuna wa kuamuru, na huko ndiko majina ya kubuni yalikostawi kuliko kwingine. Jina la Jayden halikuwamo kabisa katika majina 1,000 ya wavulana yaliyopendwa zaidi nchini humo kabla ya miaka ya 1990. Mwaka 2010 lilikuwa la nne. Wazazi waliolichagua ili mtoto asifanane na mwingine walimpeleka shuleni wakamkuta Jayden wa pili, na kando yake Brayden, na nyuma yao Kayden.

Serikali nyingine zimejaribu kuweka mipaka. Iceland ina kamati ya majina tangu mwaka 1991, na jina jipya halikubaliwi mpaka liweze kupokea viambishi vya lugha ya nchi hiyo kama neno lingine lolote. Katika Sweden, mwaka 1996, wazazi waliochukia sheria ya majina walipeleka kwa mwandikishaji jina la mtoto wao wa kiume lenye herufi na tarakimu 43, wakadai kwamba linatamkwa Albin. Jina likakataliwa, na faini ya kronor 5,000 waliyokuwa wamekwisha tozwa kwa kutomwandikisha mtoto ikabaki. Jimbo la California nalo, mwaka 2020, halikukubali tarakimu katika jina la mtoto wa tajiri Elon Musk, na wazazi wakalazimika kuiandika 12 kwa herufi za Kirumi.

Kwa jamaa za askari, hata hivyo, kizuizi kikubwa si kamati wala mahakama. Ni karatasi. Mtoto wa mkulima huweza kukua katika kijiji kimoja, akaandikwa na karani mmoja anayemjua babu yake. Mtoto wa askari huandikwa zahanati ya kambi, kisha baba akihamishwa huandikwa shule ya mji mwingine, kisha shule ya tatu, na kila mahali kuna karani mpya anayeandika asikiavyo. Zayrex atakuwa Zairex, atakuwa Zyrex, atakuwa Zerex. Kila moja ni mtu mwingine mbele ya sheria, mpaka pawepo kiapo cha kuthibitisha kwamba wote ni mmoja.

Kisha kuna jambo ambalo wageni hulishangaa. Katika makabila mengi ya Uganda mtoto halazimiki kubeba jina la baba yake. Koplo anaweza kuwa na watoto watano, kila mmoja na majina yake mawili, na pasiwe na hata herufi moja ya jina lake humo. Kijijini haidhuru, kwa kuwa kila mtu anajua nani mtoto wa nani. Lakini baba akifa kazini, na fomu ya warithi katika jeshi inasema Zayrex, na cheti cha kuzaliwa kinasema Zairex, na cheti cha shule kinasema Zerex, mjane ndiye atakayepanda ngazi za ofisi na mtoto mgongoni, akieleza kwamba hao watatu ni mmoja na kwamba huyo mmoja ni wa marehemu. Sheria ya Uandikishaji wa Watu ya mwaka 2015 inataka kila uzazi uandikishwe, na hilo ni jema. Lakini cheti hakiwezi kuwa na usahihi kuliko mdomo uliolitaja jina siku ile.

Mkewe koplo ndiye aliyelisema hilo, usiku, taa ikiwa imezimwa. Hakusema neno "kifo", alisema tu, "Ukiwa Somalia, mimi ndiye nitakayeandika jina hili kila mahali. Nipe ambalo naweza kuliandika."

Koplo hakulala upesi. Asubuhi alikuja na shauri jipya: jina libuniwe, lakini kwa mbao za nyumbani. Kwa Kiacholi amani ni kuc, linalotamkwa karibu na kuch. Kwa Kiganda ni mirembe. Akavikata vipande akaviunga: Kumire. Akalisema mara mbili kwa sauti, akafurahi.

Nyuma ya pazia bibi akaangua kicheko mpaka jirani akaja kuchungulia. Kwa Kiganda okumira ni kumeza. Mjukuu wake angekwenda shuleni Masaka kila likizo akiitwa kitu kinachopita kooni.

Hapo ndipo wengi hukosea, maana huandika jina jipya kabla ya kulipitisha katika masikio ya kutosha. Jina lililo tupu kwa baba laweza kuwa limejaa kwa mama, na katika nchi yenye lugha nyingi kama Uganda hakuna mtu mmoja awezaye kulikagua peke yake. Kambi ina faida katika jambo hili: Mteso yuko nyumba ya pili, Mlugbara nyumba ya nne, Mnyankole mbele ya bomba la maji. Kuwauliza hakugharimu kitu.

Wakakata upande wa pili wa neno: Kurembe. Watoto wa mstari ule, ambao Kiswahili ndiyo lugha ya michezo yao, wakasikia kuremba, wakaanza kumwuliza mama kama mtoto atapakwa wanja. Lakini bibi wa Masaka, ambaye ulimi wake kwa desturi ya Kiganda hauiweki r baada ya u, alikwisha lisema kwa namna yake bila kujua: "Kulembe." Akanyamaza. Kisha akalisema tena polepole, kwa kuwa lilikuwa limemkumbusha neno omukulembeze, kiongozi, yule atanguliaye mbele ya wenziwe. Akamwambia binti yake, "Mwambie mkwe wangu hilo naliweza."

Simu ikapigwa Gulu. Mama wa koplo akalirudia mara moja tu, likatoka kama lilivyoingia. Akauliza, "Na Otim je?"

"Na Otim, Mama," koplo akajibu. Mtoto alikuwa amezaliwa ugenini kweli, na jina lile halikuwa na msiba wowote ndani yake, ila safari.

Ilibaki habari ya jina la tatu. Koplo hakutaka kuliweka lake, kwa sababu zile zile za tangu awali. Mkewe hakumbembeleza. Alimwonyesha tu kitabu cha huduma cha jirani mmoja mjane, chenye majina ya watoto wanne na mihuri mingi isiyolingana, kisha akaenda kufua.

Siku mbili kabla ya kikosi kuondoka, baba na mama walikwenda pamoja kuandikisha. Koplo alikuwa ameandika majina yote matatu kwa herufi kubwa juu ya karatasi safi, akaipitisha dirishani: Kulembe Otim, na mwishoni lile jina lake la wakati wa vita, ambalo safari hii lilisimama pale kama namba ya nyumba. Karani akalisoma kwa sauti, akaliandika, akauliza tarehe ya kuzaliwa.