Mpira ni Kazi, na Kazi Ina Mkataba



Jioni hapa Milepa watoto hucheza mpira. Wengine wana mpira wa dukani. Wengine wana mpira wa matambara uliofungwa kamba. Mzee mmoja hupita na kusema, "Huo ni uvivu. Nendeni shamba." Mzee mwingine husema, "Waache. Huenda mmoja akafika Ulaya, akatujengea nyumba."

Mimi naona wazee wote wawili wanakosea. Wa kwanza haoni kwamba mpira ni kazi. Wa pili anasahau kwamba kila kazi ina mkataba.

Mfikirie Sunday Manara. Alichezea Yanga na timu ya Taifa. Watu walimpa jina la Kompyuta. Mwaka 1975, Yanga iliifunga Simba mabao 2 kwa 0 huko Unguja, ikachukua kombe la klabu za Afrika Mashariki na Kati. Bao moja lilikuwa lake.

Mwaka 1977 Sunday alikwenda Uholanzi kuichezea klabu ya Heracles, katika mji wa Almelo. Baadaye alicheza Marekani, Austria na Dubai. Anatajwa kuwa Mtanzania wa kwanza kucheza mpira wa kulipwa Ulaya. Wengine walifuata. Mbwana Samatta alitoka Simba mwaka 2011, akavuka kwenda Kongo kuichezea TP Mazembe ya Lubumbashi. Mwaka 2016 alikwenda Genk ya Ubelgiji. Mwaka 2020 alifika Aston Villa ya Uingereza.

Je, watu hawa walikuwa wavivu? Hapana. Walikwenda kazini. Kila klabu ilipowachukua, kulikuwa na karatasi ya kutia sahihi.

Sisi watu wa Ufipa na Bonde la Rukwa tunaijua safari ya kwenda kazini mbali. Zamani wazee wetu walikwenda Tanga kukata mkonge. Waliitwa manamba, kwa kuwa kila mmoja alipewa namba. Wengi waliweka dole gumba kwenye mkataba wasioweza kuusoma. Hawakujua vizuri wameahidi nini, wala wameahidiwa nini.

Je, mwanao naye aende hivyo hivyo? Siku moja anaweza kuja mtu mwenye viatu vizuri. Atasema, "Kijana wako ana kipaji. Nitampeleka nje. Toa fedha ya safari, kisha weka dole hapa." Ndugu yangu, usiuze ng'ombe. Usiweke dole. Mwambie, "Lete karatasi tuisome."

Mtoto wako ana umri gani? Sheria za FIFA, chama cha mpira cha dunia, haziruhusu mchezaji wa chini ya miaka 18 kuhamishwa kwenda klabu ya nchi nyingine, isipokuwa kwa sababu chache zilizotajwa. Mkataba ni wa miaka mingapi? Kijana wa chini ya miaka 18 hafungwi kwa mkataba wa kulipwa unaozidi miaka 3. Mshahara ni kiasi gani? Akivunjika mguu, nani atamtibu? Kama maneno ni ya kigeni, tafuta mtu unayemwamini akufasirie. Usimtumie yule aliyeleta karatasi.

Timu yetu nayo ijiandikishe, iwe na daftari la majina na tarehe. Mchezaji anapouzwa kwenda klabu ya nchi nyingine, sehemu 5 katika kila 100 za fedha hizo hugawiwa klabu zilizomlea tangu miaka 12 hadi 23. Klabu isiyo na maandishi itajidai kwa kitu gani?

Wako watakaosema, "Kijijini hapa nani ataitwa Ulaya?" Huenda asiitwe hata mmoja. Lakini mwanao ataitwa kazi ya nyumbani Dar es Salaam, au kazi ya mgodini, au ya shambani kwa mtu. Huko nako kuna makubaliano. Kwa hiyo mwache mtoto acheze baada ya kazi na masomo. Na wewe uje darasani bila kukosa. Yeye ajifunze kupiga mpira. Wewe jifunze kusoma mkataba.

Jadilianeni darasani:

1. Kwa nini wazee wetu waliitwa manamba?
2. Mtu akitaka kumchukua mtoto wako kwenda kazini, utamwuliza maswali gani?
3. Je, timu yetu ina daftari? Nani analiandika?