Upanga Uliokosa Vita

Kuanzia 1930 hadi 1963 mwigizaji Ichikawa Utaemon aliwachezea Wajapani mtu mmoja katika picha za sinema zipatazo 30. Mtu huyo ni Saotome Mondonosuke, samurai mwenye kovu la umbo la hilali katika paji la uso, aliyechoshwa na starehe. Nchi ina amani, upanga umelala alani, na posho ya mtawala yaja bila ya kazi. Kisha huzuka fumbo: mtu kauawa, au wakubwa wamepanga hila. Hapo hufurahi, akalifuata fumbo hadi akalifumbua.

Nazipenda picha hizi, lakini naona uchovu wa bwana huyu ni mtamu kwa kuwa tumbo lake limeshiba. Japani ya kweli haikuwa hivyo. Mwaka 1876 serikali iliwakataza samurai kuvaa panga, ikafuta posho zao na kuwapa hati za deni. Mwaka uliofuata samurai wa Satsuma waliasi, wakashindwa.

Kenya nayo ina fumbo la namna hiyo. Wakati wa Hali ya Hatari, 1952 hadi 1960, vijana wa Meru na Embu waliingia katika misitu ya Mlima Kenya kupigania ardhi na uhuru. Uhuru ulipofika Desemba 1963, majemadari wa Meru, Musa Mwariama na Baimungi, walitoka msituni na watu wao. Bendera mpya waliikuta, posho hapakuwa. Mashamba mengi yaliyoachwa na walowezi yaligawiwa kwa mikopo, na mtu wa msituni angeilipa kwa nini? Baimungi aliendelea kudai, akauawa na askari wa serikali mwaka 1965. Mwariama aliishi hadi 1989, na hadi siku ya kufa kwake Mau Mau ilikuwa ingali marufuku katika sheria. Marufuku hiyo iliondolewa mwaka 2003.

Mwaka 2013 Uingereza ilikubali kutoa pauni milioni 19.9 kwa ajili ya wazee 5,228 walioteswa. Lakini fedha hizo ni za mateso, si za ardhi.

Sisi wa pwani, ambao wengi wetu tungali tukingojea hati za viwanja tulivyozaliwa juu yake, tusiyaone haya kuwa mambo ya bara tu. Wazee wetu walisema: Mgala muuwe, na haki yake mpe. Baimungi aliuawa; haki ile bado haijatolewa, na waidaio wanakwisha kwa uzee.